Tishali Gani, Athumani?

Wiki iliyopita alinijia binti mmoja anayesoma chuo kule Tunguu. Akapiga hodi hapa kwangu Jang'ombe, akanipa shikamoo yake vizuri, akakaa, akafungua daftari.

"Babu," akanambia, "nimesikia ulifanya kazi bandarini zamani. Nataka unipe maana ya neno tishali. Kwa ufupi tu."

Nikamwangalia. Mtu anayetaka maana ya neno kwa ufupi namshuku, hata akiwa na adabu kama yule. Nikamwambia anywe chai kwanza na daftari alifunge, maana jambo hili halina ufupi. Alikaa mpaka adhuhuri ikaadhiniwa. Haya ninayowaandikia nyinyi wenzake ndiyo niliyomsimulia, pamoja na mawili matatu niliyoona haya kumwambia usoni.

Sisi watu wa bandari ya Unguja, tukisema tishali, tulikuwa na maana ya chombo cha chuma, kikubwa, chenye tumbo bapa kama sinia. Hakina injini, hakina tanga, hakina hata sura. Meli kubwa zilitia nanga nje kwa sababu maji ya karibu na gati hayakuzitosha, basi mizigo ikapakiwa kwenye matishali na boti dogo la kuvuta, tuliloliita tagi, likayakokota mpaka ubavuni mwa meli. Karafuu na mbata zilitoka hivyo. Mchele, sukari na saruji viliingia hivyo. Maji yakipwa, tishali hukaa chini juu ya mchanga bila kulala upande, na hapo ndipo uzuri wake ulipo. Ubaya wake upo hapo hapo. Jahazi likiingia maji huinama, ukaliona. Tishali haliinami. Maji yanatambaa chini ya sakafu ya mbao, yanajitandaza kimya kimya, na wewe umesimama juu unapiga soga.

Nilianza kazi hiyo miaka ya hamsini mwanzoni, nikiwa na miaka ishirini na mbili, karani mdogo katika kampuni moja ya matishali. Kampuni yenyewe siitaji. Nilikuwa na Kiingereza cha darasani, nikiringa nacho. Aliyenifunza kazi hakuwa karani. Alikuwa serahangi, yaani mkuu wa wafanyakazi wa tishali, jina lake Makame, mtu wa Tumbatu, mfupi, mkavu, na macho ya mtu anayedhani umemficha kitu.

Mzee Makame hakuamini kitu. Alikuwa akifunga kamba, anaondoka hatua tatu, anarudi kuikagua kana kwamba aliyeifunga ni mwizi. Akikuta maji chini ya sakafu huchovya kidole na kulamba. Yakiwa ya chumvi, bati limetoboka. Yakiwa matamu, mvua imeingia. Yakiwa na ukali wa karafuu, kuna gunia limelowa na mtu ameshasema uongo. Na kila asubuhi alitupa fimbo ya kupimia maji, tupime pembe zote nne.

"Usinambie kukavu," alikuwa akisema. "Nambie umepima pembe ngapi."

Mwezi wangu wa kwanza nilipima moja. Jua lilikuwa kali, pembe ile ilikuwa kivulini, fimbo ikatoka kavu, nikaandika kukavu. Kumbe tishali lilikuwa limekaa juu ya mchanga ulioinuka upande mmoja, na mimi nimepima upande wa juu. Upande wa chini mchele ulikunywa maji ukavimba, magunia yakapasuka. Wiki nzima wachukuzi wakipita walinambia, "Karani, pilau imeiva?" Mzee Makame hakucheka wala hakunigombeza. Alinipeleka nikasimama juu ya ule mchele kutwa nzima, niunuse. Mpaka leo mchele uliolowa naujua nikiwa mlangoni.

Sasa kuna kitu kimoja zaidi lazima mkijue, la sivyo hamtanifahamu. Chini kabisa ya kila tishali palikuwa na tundu lenye kizibo cha shaba cha kukaza kwa spana, kama ukubwa wa kikombe cha kahawa. Maji yakipwa na tishali likikaa mchangani, serahangi hufungua kizibo, uchafu wote ukatoka, kisha hukirudisha kabla maji hayajajaa. Nasema serahangi. Mwengine hakuruhusiwa kukigusa.

Ilikuwa Ijumaa ya bamvua, siku ambazo maji hupwa sana na kujaa sana. Maji yalikupwa asubuhi mpaka tishali letu la saba likabaki limekaa pakavu kando ya gati. Mafundi wa kukwangua kutu na kupaka rangi walikuwa ubavuni mwake. Kabla ya sala wachukuzi wakalipakia karafuu, likafunikwa turubai, watu wakaenda kuswali. Maji yakaanza kujaa. Alasiri tagi likaja kulivuta. Kamba ikakaza, tagi likanguruma, moshi ukatoka, tishali halikutikisika. Nahodha wa tagi akadhani tumelisahau limefungwa. Mzee Makame akafunua turubai, akaingiza mkono chini ya magunia, akaulamba.

"Chumvi," akasema.

Tishali lilikuwa limejaa maji, na limekaa sawasawa kama lilivyokaa asubuhi. Nusu ya karafuu ikaharibika. Maji yalipokupwa tena, wakaenda kutazama chini. Kizibo hakipo.

Hapo ndipo tulipoanza kutazamana. Kizibo kile hakitoki chenyewe, basi yuko mtu aliyekitoa. Ofisi ilikuwa na mkaguzi wake, Mzungu mmoja mrefu aliyejua Kiswahili cha kuagizia chai, naye akaamua kuwa ni makusudi. Wengine wakasema ni wenye majahazi, wanataka mizigo irudi kwao. Wengine wakasema ni mtu aliyefukuzwa mwaka jana. Watu waliokuwa wakila sahani moja wakaanza kula mbali mbali. Mimi mwenyewe nilimshuku nahodha wa tagi kwa sababu tu alipiga kelele sana.

Jumamosi asubuhi mkaguzi akaanza kuwahoji mafundi wa rangi, na mkalimani nikawa mimi. Wa tatu kuingia alikuwa Athumani.

Athumani alikuwa mtu wa Rufiji, amekuja Unguja kwenye msimu wa karafuu, msimu ukaisha na yeye akabaki. Mtu mpole, mikono mikubwa, haongei ovyo. Mkewe akiuza mihogo ya kuchemsha karibu na gati. Hakujua kusoma. Na nikubali leo, kwa kuwa alikuwa mtu wa bara, tulimtazama mara mbili hata kabla hajafungua mdomo.

"Muulize alifanya nini jana asubuhi," mkaguzi akasema.

Nikamuuliza. Athumani akajibu bila wasiwasi, "Nilikuja mapema. Nikazibua tishali, maji yote yakatoka. Halafu nikaliziba kwa tambara, nikafanya kazi yangu, saa ya sala nikaenda zangu msikitini."

Nikatafsiri. Neno tishali nikalipa neno lake la Kiingereza, lile lile lililoandikwa kwenye kila karatasi ya ofisi yetu. Mkaguzi akaacha kuandika.

"Aliziba kwa kitu gani?"

"Kwa tambara, bwana."

"Ana hakika?"

Nikamuuliza Athumani kama ana hakika. Akanishangaa. "Kila siku naziba kwa tambara," akasema. "Kwani ninyi mnaziba na nini?"

Jana yake tishali lililokuwa pakavu lilikuwa moja tu, la saba. Mkaguzi akaona kesi imekwisha. Mtu amefungua kizibo asichoruhusiwa kukigusa, amekitupa au amekiuza, ametia tambara, maji yamelisukuma. Nikaandika maelezo yake kwa Kiingereza kizuri, hati yangu ya kulalia upande. Sikumsomea. Nilimshika kidole gumba nikakitia wino, nikakibandika kwenye karatasi. Kabla ya adhuhuri askari wawili wakaja kumchukua.

Nataka mjue kilichopita moyoni mwangu saa ile. Lile tambara lilinikera. Nani anaweza kuziba tundu la ukubwa ule kwa tambara kila siku, na tishali lisizame kila siku? Swali lilinijia, likanigonga, na mimi nikalinyamazisha, kwa sababu mkaguzi alikuwa ameshanipongeza kwa Kiingereza changu.

Jumatatu asubuhi mkewe Athumani, Bi Zena, alinisubiri mlango wa ofisi na bakuli limefungwa kitambaa.

"Karani," akanambia, "wewe askari hawatakuzuia. Mpelekee chakula. Mie wamenirudisha mara mbili."

Nikamwambia nina kazi.

"Kazi ulifanya juzi," akasema. Hakupandisha sauti. Nikalichukua bakuli.

Kituoni nilimkuta Athumani kakaa chini, kaegemea ukuta. Hakunitukana. Alikula kidogo, akanawa, kisha akaniuliza, "Tishali langu mmelifunga wapi?"

"Lipo kando ya gati," nikamjibu. "Fundi wa kampuni analitengeneza."

"Analitengeneza nini? Zima lile. Mwambie mtu alitoe majini alibinue. Mvua ikinyesha litajaa, na rangi ikishaingia maji haifai tena."

Nikacheka. Tishali alibinue nani? La saba lilikuwa chuma kitupu, watu mia wasingelitikisa. Nikacheka, kisha nikaona yeye hacheki.

"Athumani," nikamwambia, "tishali gani unalobinua?"

"Langu. Lile la kusimamia nikipaka rangi."

"Lile sanduku?"

"Ninyi mnaliita sanduku. Mie nawasikia, lakini si sanduku."

Lilikuwa chombo kidogo cha mbao, bapa chini, pembe nne, hakizidi urefu wa kitanda. Mafundi wa rangi husimama humo wakikwangua kutu ubavuni mwa tishali. Sisi tulikiita sanduku kwa sababu kilifanana na sanduku. Athumani alinieleza taratibu, kama mtu anayemfunza mgeni. Kwao mtoni, akasema, kila chombo chenye tumbo bapa ni tishali. Mto Rufiji una mafungu ya mchanga yanayohama, chombo chenye mkuku, ule mti mrefu wa chini, hakifiki mbali. Cha chuma kilichokuja kuchukua boriti, tishali. Kile walichovushia watu na mbuzi, tishali. Ukubwa si hoja, wao hutazama tumbo. Kama watu wote wa Rufiji husema hivyo au ni kijiji chao tu, mimi sijui, na wala sitakuapieni. Lakini yeye ndivyo alivyosema tangu utotoni, na ndivyo alivyotuambia siku ya Jumamosi.

"Na kizibo cha la saba?"

"Kizibo gani?" akaniuliza.

Nilitoka pale. Njiani nikaanza kumshuku upya. Pengine ameyatunga siku hizi mbili, anayo akili, anajua mimi ndiye niliyeandika. Hivyo ndivyo shaka inavyomfanya mtu. Nikaenda moja kwa moja gatini, nikalitafuta lile sanduku. Lilikuwa limefungwa nyuma ya ngazi, hakuna aliyeligusa tangu Ijumaa. Nikaingia, nikapapasa chini ya makopo ya rangi. Palikuwa na tundu dogo la kidole, na ndani yake tambara limekunjwa, gumu kwa rangi kavu, la miezi na miezi.

"Unatafuta nini humo?"

Alikuwa Mzee Makame, kasimama juu ya ngazi. Nikampa shikamoo, akaitikia marahaba bila kunitazama. Nikamweleza yote, la Rufiji, la tumbo bapa, la tambara. Nilitarajia asikubali, kwa sababu hakuwa mtu wa kukubali. Nilitarajia angalau ashuke alipapase tundu mwenyewe. Hakushuka. Alisikiliza mpaka mwisho, mkono wake wa kulia umo mfukoni mwa koti la kazi, hautoki. Ndipo nikamwona. Mtu yule aliyelamba kila tone la maji, siku tatu zile hakumuuliza mtu swali hata moja.

"Mzee," nikamwambia, "Ijumaa asubuhi nani alifungua kizibo?"

Akatazama kule lilikofungwa la saba. Kisha akatoa mkono, akakifungua kiganja. Kizibo kilikuwa kinang'aa kwa kushikwashikwa.

"Nilikitia mfukoni, nangoja uchafu uishe kutoka," akasema. "Wachukuzi wakaniita, wamekosea kupanga magunia. Halafu sala. Nikavua koti, nikavaa kanzu. Koti likabaki limetundikwa."

"Umekiona lini?"

"Jumamosi. Nilipolivaa tena."

"Jumamosi ndiyo siku aliyokamatwa Athumani."

"Najua."

"Leo Jumatatu, Mzee."

"Siku nazijua!" Sauti ikapasuka. Akashika ngazi. "Nikasema nitakwenda baada ya alasiri. Nikasema kesho. Kisha nikasikia kuwa yule mtu mwenyewe amekubali, ameweka kidole. Nikajiuliza, huyu anakubali nini, na kizibo ninacho mimi? Nikadhani pengine alifanya na yeye. Alifanya jambo jengine. Mtu hakubali bure."

"Hakukubali," nikamwambia. "Mimi ndiye niliyemkubalisha."

Tukatazamana, mzee na karani, na sidhani kama kuna aliyemwamini mwenzake. Mimi nilikuwa nawaza akikitupa kile kizibo baharini, sina ushahidi. Na yeye nadhani aliliona wazo lile machoni mwangu, kwa sababu aliunyoosha mkono akanikabidhi.

"Kishike wewe," akasema. "Twende."

Ofisini mkaguzi aliniacha niseme yote, kisha akaniuliza nani amenituma. Hakuamini. Akamtazama Mzee Makame, akaniambia nimuulize kama analipwa kumwokoa mtu wa bara. Nikalitafsiri lile swali. Mzee Makame akamjibu kwa Kiswahili, polepole, ili amfahamu mwenyewe, "Mimi ndiye niliyesahau." Hata hivyo mkaguzi akataka ajaribu kwa njia yake. Alasiri Athumani akaletwa gatini na askari. Maji yalikuwa yamejaa, la saba limefungwa mbele yetu, kubwa kama nyumba, na sanduku lipo nyuma ya ngazi. Nikakatazwa kusema neno. Mkaguzi mwenyewe akamwambia, "Onyesha tishali yako."

Athumani akalipita la saba bila hata kuligeukia. Akashuka ngazi, akaweka mkono juu ya sanduku, kisha akainua uso kwa hasira. "Nilisema libinuliwe," akasema. "Tazameni hizi rangi!"

Mkaguzi akawaambia askari wamwachie.

Mzee Makame hakurudi kazini. Walimwambia apumzike, na yeye akarudi kwao Tumbatu. Nilimtembelea mara mbili. Mara ya pili alinipeleka ufukweni kunionyesha dau la mpwa wake, akanambia nipime maji. Nikapima mbele na nyuma, ubavu kwa ubavu. Akanitazama, akachukua fimbo, akapima tena mwenyewe. Mimi sikufukuzwa. Sijui kwa nini, na kwa muda mrefu nililishuku hata hilo.

Lakini siku ile ile ya Jumatatu, kabla Athumani hajaondoka, palitakiwa maelezo mapya. Nikakaa kuandika kwa Kiingereza.

"Andika kwa Kiswahili," Athumani akasema.

"Ofisi inataka Kiingereza."

"Ofisi mtaitafsiria baadaye. Mie andika nilivyosema."

Mkaguzi akaukunja uso, lakini akaitikia kwa kichwa. Nikaandika. Athumani akanitaka nimsomee. Nikasoma. Akanitaka nisome tena, pole pole, na kila nikifika kwenye tishali ananisimamisha, "Hapo umeandika gani? Kubwa au langu?" Nikaongeza maneno: tishali dogo la mbao la kupakia rangi. Nikasoma mara ya tatu. Nikamsogezea wino.

Hakuugusa. Aliichukua ile karatasi, akatoka nayo mlangoni. Barazani alikuwepo mwalimu mmoja wa Kurani, mtu tusiyemjua sote, anasubiri mzigo wake wa vitabu. Athumani akampa salamu, akampa karatasi.

"Maalim," akamwambia, "nisomee hii. Kama ilivyo, usiongeze."

Maalim akavaa miwani, akasoma. Athumani alisimama kainamisha kichwa, midomo yake ikitikisika, anayafuata maneno moja moja kuona kama ndiyo yale yale niliyomsomea mimi. Mimi nilikuwa nyuma yake na kijisahani cha wino mkononi, nangoja, na mkaguzi yuko nyuma yangu anangoja vile vile. Maalim alipomaliza, Athumani akamwomba arudie mstari wa tishali.